Kodi ya Mshahara Iliyokatwa Zaidi: Jinsi ya Kuidai na Kujua Dai Limefika Wapi

Muuguzi aliyefanya kazi kwa mkataba wa miezi sita mwaka 2024, kuanzia Januari hadi Juni, kisha akakaa nyumbani hadi Desemba, huenda anaidai serikali zaidi ya shilingi 41,000. Pesa hizo ni zake. Zilikatwa kwenye mshahara wake kila mwezi kihalali, lakini mwaka ulipofika mwisho, hesabu kamili ilionyesha kwamba alipaswa kulipa kodi ndogo kuliko ile iliyokatwa. Hata hivyo, hakuna atakayempigia simu kumwambia aende kuzichukua. Asipojaza ritani na kulifuatilia dai lake, pesa hizo zitabaki zilipo, na baada ya miaka mitano haki ya kuzidai itakwisha.

Somo hili limeandaliwa kwa ajili ya wakazi wa Migori na jirani zao wa Homa Bay walioajiriwa, walioajiriwa kwa muda, au wanaofanya kazi za kandarasi. Linaeleza ni nani hukatwa kodi kupita kiasi, jinsi ya kuidai, na hasa jinsi ya kujua dai limefikia wapi.

KWA NINI DAI HALIPELEKWI KWA KAUNTI

Wakazi wengi huanzia katika ofisi za kaunti, hasa wale walioajiriwa na kaunti yenyewe katika hospitali, shule za chekechea na ofisi za wadi. Ni vyema kuelewa mpaka uliopo. Kifungu cha 209 cha Katiba ya Kenya ya mwaka 2010 kinaipa serikali ya kitaifa pekee mamlaka ya kutoza kodi ya mapato. Kaunti zinaruhusiwa kutoza kodi ya ardhi na majengo, kodi ya burudani, na ada za huduma zinazotoa. Kwa hivyo, kaunti inapomkata mfanyakazi wake kodi ya mshahara, ambayo kwenye hati ya malipo huandikwa PAYE, inafanya hivyo kama mwajiri mwingine yeyote. Pesa hizo hupelekwa kwa Mamlaka ya Ushuru Kenya, yaani KRA, kabla ya tarehe 9 ya mwezi unaofuata.

Hii ina maana kwamba kaunti haiwezi kurejesha kodi iliyokwisha kupelekwa. Inachoweza kufanya, na inachopaswa kufanya, ni kumpa mfanyakazi fomu yake ya P9 inayoonyesha mapato na kodi ya kila mwezi, na kurekebisha rekodi pale ambapo mwajiri ndiye aliyekosea. Wajibu huo ni wa kila mwajiri, awe kiwanda cha sukari, shule ya kibinafsi, shirika lisilo la serikali au duka la jumla.

PESA ZA ZIADA HUTOKA WAPI

Kodi ya mshahara hukatwa kila mwezi kana kwamba mfanyakazi atapata mshahara huo huo mwaka mzima. Lakini kodi anayodaiwa hasa huhesabiwa kwa mwaka. Pale mwaka unapokuwa na mapengo, hesabu hizi mbili huachana.

Turudi kwa muuguzi wetu. Tuseme mapato yake yanayotozwa kodi yalikuwa shilingi 50,000 kwa mwezi. Shilingi 24,000 za kwanza hutozwa asilimia 10, nazo ni shilingi 2,400. Shilingi 8,333 zinazofuata hutozwa asilimia 25, nazo ni shilingi 2,083.25. Shilingi 17,667 zilizosalia hutozwa asilimia 30, nazo ni shilingi 5,300.10. Jumla ni shilingi 9,783.35. Kila mkazi anayelipa kodi hupewa nafuu ya shilingi 2,400 kwa mwezi, kwa hivyo kinachokatwa ni shilingi 7,383.35. Kwa miezi sita, amekatwa shilingi 44,300.10.

Sasa tupige hesabu ya mwaka. Mapato yake yote yalikuwa shilingi 300,000. Shilingi 288,000 za kwanza kwa mwaka hutozwa asilimia 10, nazo ni shilingi 28,800. Shilingi 12,000 zilizosalia hutozwa asilimia 25, nazo ni shilingi 3,000. Jumla ni shilingi 31,800. Nafuu ya mwaka mzima ni shilingi 28,800. Kodi anayodaiwa hasa ni shilingi 3,000 tu. Alikatwa 44,300.10, anadaiwa 3,000. Anachopaswa kurejeshewa ni shilingi 41,300.10.

Mfano huu haukuhesabu nafuu nyingine, kwa mfano ya bima, ili hesabu iwe rahisi kufuatwa. Ukweli unabaki ule ule: aliyefanya kazi sehemu ya mwaka tu ana sababu nzuri ya kukagua.

Wengine wenye sababu ya kukagua ni hawa:

Mtu anayelipia bima ya maisha, ya afya au ya elimu ambayo mwajiri hakuijumuisha katika hesabu. Sheria inampa nafuu ya asilimia 15 ya malipo yake ya bima, isiyozidi shilingi 60,000 kwa mwaka.

Mtu anayelipa mkopo wa nyumba anayoishi, ambaye riba yake haikuondolewa kwenye mapato kabla ya kodi kupigwa.

Mtu mwenye ulemavu aliye na cheti cha KRA cha kusamehewa kodi. Mapato yake ya hadi shilingi 150,000 kwa mwezi hayatozwi kodi ya mapato. Ikiwa mwajiri aliendelea kumkata baada ya cheti kuanza kufanya kazi, kiasi hicho kinaweza kudaiwa. Ambaye bado hana cheti anapaswa kwanza kusajiliwa na Baraza la Kitaifa la Watu Wenye Ulemavu, baada ya kupimwa na madaktari katika hospitali ya serikali iliyoidhinishwa.

Mtu aliyefanya kazi ya ushauri au ya ujenzi kwa kandarasi. Anayemlipa humkata kodi ya zuio, ambayo kwa mkazi wa Kenya ni asilimia 5 kwa kazi za kitaalamu na asilimia 3 kwa kandarasi za ujenzi. Baada ya kuondoa gharama za kazi, huenda kodi yake ya mwaka ikawa ndogo kuliko jumla ya makato hayo.

ONYO KWA WENYE KAZI MBILI

Ritani husema ukweli kwa pande zote mbili. Mwalimu anayelipwa shilingi 30,000 katika shule moja na shilingi 30,000 katika nyingine mwaka mzima, na kila shule ikampa nafuu ya shilingi 2,400, atakatwa shilingi 1,500 kila upande, yaani 36,000 kwa mwaka. Lakini kodi ya mapato yake yote ya shilingi 720,000, baada ya nafuu moja ya mwaka, ni shilingi 124,600. Badala ya kurejeshewa, anadaiwa shilingi 88,600, na deni kama hilo lilipaswa kulipwa kabla ya Aprili 30. Mwenye waajiri wawili anapaswa kumwarifu mmoja wao mapema asimpe nafuu hiyo. Kunyamaza hakuondoi deni, huliongezea riba.

HATUA ZA KUDAI

Hatua ya kwanza ni karatasi. Mlipakodi atafute fomu ya P9 kutoka kwa kila mwajiri aliyemlipa mwaka huo. Walimu walioajiriwa na Tume ya Huduma za Walimu huipata kwa tume hiyo. Wafanyakazi wa kaunti huipata kwa maafisa wa rasilimali watu au wa mishahara. Aliyekwisha kuondoka kazini bado ana haki ya kuidai kwa mwajiri wa zamani. Pamoja na P9, aweke tayari cheti cha bima, taarifa ya mkopo wa nyumba, cheti cha msamaha au vyeti vya kodi ya zuio, kulingana na sababu ya dai lake.

Hatua ya pili ni kulinganisha. Kodi iliyoandikwa kwenye P9 ilinganishwe na ile iliyo kwenye hati za malipo za kila mwezi. Namba ya utambulisho ya mlipakodi, maarufu kama PIN, iangaliwe herufi kwa herufi. Ya mtu binafsi huanza na herufi A. Herufi moja ikikosewa na mwajiri, kodi ya mtu huyo inaweza kuwa imeingia mahali pengine.

Hatua ya tatu ni kujaza ritani kwenye mtandao wa iTax, itax.kra.go.ke. Ritani ya mapato ya mwaka 2024 ilipaswa kuwasilishwa kabla ya Juni 30, 2025 kumalizika. Anayechelewa hutozwa faini ya shilingi 2,000 au asilimia 5 ya kodi anayodaiwa, ile iliyo kubwa zaidi. Katika ritani kuna sehemu ya kujaza akaunti ya benki. Wengi huiruka kwa sababu hawategemei kurejeshewa kitu. Anayedai asiiruke, na akaunti hiyo iwe na jina lake mwenyewe kama lilivyo kwenye PIN.

Hatua ya nne ni kutazama mstari wa mwisho wa hesabu kabla ya kutuma. Tarakimu ikiwa na alama ya kutoa mbele yake, mlipakodi amelipa zaidi. Ikiwa haina alama hiyo na si sifuri, anadaiwa.

Hatua ya tano ni dai lenyewe. Baada ya ritani kupokelewa, aingie kwenye menyu iliyoandikwa «Refund», achague kodi na mwaka husika, aambatanishe nakala za karatasi zake na kutuma. Mtandao humpa stakabadhi yenye namba. Stakabadhi hiyo ichapishwe au ihifadhiwe kwenye simu. Namba hiyo ndiyo jina la dai. Bila hiyo, ufuatiliaji wote huwa wa kubahatisha.

JINSI YA KUJUA DAI LIMEFIKIA WAPI

Dai hupita vituo vitatu: kupokelewa, kuthibitishwa, na kulipwa. Mlipakodi anayeuliza «pesa zangu ziko wapi?» hupata jibu bora akijua anauliza kuhusu kituo kipi.

Kupokelewa huthibitishwa na stakabadhi. Ikiwa imepotea, inaweza kuchapishwa tena kupitia menyu ya «Useful Links» ndani ya akaunti ya iTax. Ritani iliyotumwa huonekana chini ya menyu ya «Returns». Ikiwa ritani haimo, basi dai nalo halina msingi, hata kama mhudumu wa saiba alisema kazi imekwisha.

Kuthibitishwa ni kazi ya afisa wa KRA, ambaye hulinganisha ritani na taarifa zilizotumwa na mwajiri. Sheria ya Taratibu za Kodi ya mwaka 2015 inampa Kamishna muda maalumu tangu kupokea dai kufanya uamuzi wake. Mlipakodi aandike tarehe aliyotuma dai, ahesabu muda huo, na aweke alama kwenye kalenda. Ndani ya muda huo afisa anaweza kuomba karatasi zaidi kwa barua pepe. Hapo ndipo madai mengi hukwama, kwa sababu ambayo wakazi wengi hawaifikirii: barua pepe iliyosajiliwa kwenye iTax si yao. Ilifunguliwa na mhudumu wa saiba siku ya kutafuta PIN, labda miaka mingi iliyopita. KRA huandika, na ujumbe huingia mahali ambapo mwenye dai hawezi kuusoma. Kabla ya kudai, kila mtu aingie kwenye akaunti yake na kuhakikisha kwamba barua pepe na namba ya simu ni zake. Ikiwa si zake, abadilishe, au aende kwenye kituo cha Huduma akiwa na kitambulisho cha kitaifa ili asaidiwe.

Kulipwa ni kituo tofauti na kukubaliwa. Dai linaweza kuidhinishwa leo na pesa zikafika baadaye. Tena, ikiwa mlipakodi ana deni lingine la kodi, faini au riba, kiasi alichokubaliwa kinaweza kutumika kwanza kulipa deni hilo. Ndiyo maana ni muhimu kufungua menyu ya «My Ledger», ambayo ni daftari la hesabu kati ya mlipakodi na KRA. Humo huonekana kila kodi aliyolipa, kila faini aliyotozwa na salio lililopo. Aliyetegemea shilingi 41,300 na akapokea 35,300 huenda ana faini tatu za ritani ambazo hakuwasilisha miaka ya nyuma. Msamaha wa faini na riba kwa madeni ya hadi Desemba 31, 2023 ulifikia mwisho Juni 30, 2025. Wenye faini kama hizo wakague daftari lao.

Asiyeweza kutumia mtandao ana njia nyingine. KRA hupatikana kwa simu 0711 099 999 au 020 4 999 999, kwa barua pepe callcentre@kra.go.ke, na baadhi ya huduma hupatikana kwa kupiga *572#. Vituo vya Huduma mjini Migori na mjini Homa Bay pia vina huduma za KRA. Anayekwenda huko kutoka Muhuru Bay, Kehancha, Mbita au Ndhiwa ametumia nauli na siku nzima. Asiende mikono mitupu. Abebe kitambulisho, PIN, P9, stakabadhi ya dai na simu iliyo na barua pepe yake.

DAI LINAPOKWAMA AU KUKATALIWA

Swali la kwanza la kuuliza si «lini?» bali «kwa sababu gani?» Sababu zinazojitokeza mara kwa mara ni hizi: kodi iliyo kwenye P9 hailingani na ile mwajiri aliyotuma, karatasi za kuthibitisha bima au msamaha hazikuambatanishwa, jina la akaunti ya benki halilingani na la PIN, au mwaka mmoja wa nyuma hauna ritani.

Kila sababu ina mlango wake. Ya kwanza hurekebishwa na mwajiri, kwa kuwasilisha upya taarifa sahihi za kodi aliyokata. Mfanyakazi aandike barua, aitaje miezi yenye kasoro, na abaki na nakala iliyopigwa muhuri wa kupokelewa. Nyingine zote hurekebishwa na mlipakodi mwenyewe.

Ikiwa KRA imelikataa dai kwa maandishi na mlipakodi haridhiki, anaweza kukata rufaa kwa Baraza la Rufaa za Kodi. Muda wa kufanya hivyo ni siku 30 tangu kuarifiwa, kwa hivyo barua ya kukataliwa isifungiwe kabatini.

Na muda mkubwa kuliko yote ni ule wa miaka mitano. Dai la kodi ya mapato lazima lifanywe ndani ya miaka mitano tangu kodi hiyo ilipolipwa. Kodi iliyokatwa zaidi Agosti 2020 ilifikia mwisho wake Agosti 2025. Waliopoteza kazi katika mwaka ule wa korona, wakakaa nusu ya mwaka bila mshahara, walikuwa na miaka hiyo mitano tu ya kukagua.

WANAOJITOLEA «KUSUKUMA» DAI

Palipo na pesa za kusubiriwa hapakosi matapeli. Hupiga simu wakijitambulisha kama maafisa, hutaja jina kamili la mtu, kisha huomba ada ndogo kwa M-Pesa ili «faili isogee». Kudai marejesho hakulipiwi ada yoyote. Pesa za marejesho huingia kwenye akaunti ya benki ya mlipakodi. Hazitangulizwi na malipo kutoka kwake. Hakuna afisa wa kweli anayehitaji nywila ya iTax wala namba ya siri ya M-Pesa. Anayesaidiwa na mhudumu wa saiba abadilishe nywila yake mara tu kazi inapokwisha.

ZOEZI LA WIKI HII

Msomaji anaweza kufanya zoezi hili jioni moja akiwa na kalamu na karatasi:

1. Aandike miezi yote aliyolipwa mshahara mwaka 2024, na jina la kila mwajiri.
2. Ajumlishe mapato yanayotozwa kodi na PAYE yote iliyokatwa, kutoka kwenye P9.
3. Ikiwa mapato ya mwaka hayazidi shilingi 388,000, atoze asilimia 10 kwa shilingi 288,000 za kwanza na asilimia 25 kwa zinazozidi hapo. Ikiwa yanazidi, shilingi zilizo juu ya 388,000 azitoze asilimia 30, hadi kufikia mapato ya shilingi milioni 6.
4. Aondoe nafuu ya shilingi 28,800. Kama jibu liko chini ya sifuri, kodi yake ni sifuri.
5. Alinganishe jibu na PAYE aliyokatwa.

Ikiwa PAYE ni kubwa kuliko jibu, ana dai, na anajua ni kiasi gani hata kabla ya kuufungua mtandao. Akijua kiasi, akawa na namba ya dai, na tarehe aliyolituma imewekwa alama kwenye kalenda, hataambiwa «njoo wiki ijayo» bila kuwa na la kuuliza.